Halmashauri inadai £18,400 za paa lililoezekwa zamani, London. Nilipe?

Shomari_E7: Wakuu, naomba ushauri kwa mnaojua sheria za nyumba England. Fleti ni ya lizi (haki ya kumiliki kwa muda maalumu) ya miaka 125, mwenye jengo ni halmashauri. Paa na madirisha vilibadilishwa, kazi ikaisha Machi 2023. Septemba 2023 ikaja barua: "utatakiwa kuchangia gharama", bila kiasi. Juni 2025 ndiyo ikaja ankara, £18,400 ndani ya siku 30. Nilipe au nigome?

Kiparamoto: Usilipe, ila usikae kimya. Soma kifungu cha 20B cha Landlord and Tenant Act ya 1985. Gharama waliyoingia zaidi ya miezi 18 kabla ya kukudai haidaiki, labda kama ndani ya miezi hiyo 18 walikuandikia kwamba wameshaingia gharama hiyo na utachangia. Barua isiyo na kiasi haitoshi. Mahakama Kuu iliamua hivyo mwaka 2011 katika kesi ya Brent na Shulem B.

Wengi wanateleza kwenye tarehe. Miezi 18 haihesabiwi tangu fundi alipomaliza kazi na kuondoa jukwaa la ujenzi. Inahesabiwa tangu mkandarasi alipoleta ankara yake au alipolipwa. Kama awamu ya mwisho aliidai Februari 2024, hiyo bado inadaika hata zile za mwanzo zikianguka. Kila malipo na saa yake.

Chakubanga: Mbona rahisi, kuna Florrie's Law. London mwisho £15,000, lipa hiyo basi.

Kiparamoto: Hapana mkuu. Ukomo huo wa 2014, £15,000 London na £10,000 kwingine England kwa kila miaka 5, unahusu kazi zilizopata fedha za serikali kuu chini ya mipango maalumu, tena nyumba iwe makazi yako makuu. Umeipangisha? Haikuhusu.

Shomari_E7: Naishi mwenyewe. Sasa ankara za mkandarasi nazipataje?

BintiSaadani: Omba kwa maandishi muhtasari wa gharama, kifungu cha 21 cha sheria hiyohiyo. Ukishaupata una miezi 6 ya kuomba kukagua ankara na risiti chini ya kifungu cha 22. Wanatakiwa wakufungulie ndani ya mwezi mmoja na waziache wazi miezi 2. Usiwatishe kwa kifungu cha 25, kinachofanya kukataa kutoa hizo kuwa jinai, halmashauri haikamatwi nacho. Sambamba, peleka ombi la Freedom of Information (haki ya kupata taarifa za taasisi za umma) uombe tarehe na kiasi cha kila malipo. Wana siku 20 za kazi.

Na chimbua ankara zako za ada ya huduma, yaani mchango wa kutunza jengo. Kama ulishalipa makadirio ya kazi hii mapema na gharama halisi haikuyazidi, 20B haikusaidii.

Mwanalizi: Msisahau kifungu cha 20. Mchango wako ukizidi £250 lazima wakushirikishe kabla ya kazi: notisi ya nia, siku 30 za maoni, kisha makadirio, siku 30 tena. Kama wana mkataba wa muda mrefu na mkandarasi, inatosha notisi moja. Wasipofanya, wanaweza kukudai £250 tu. Lakini wanaweza kuomba baraza linaloamua migogoro hii, First-tier Tribunal, liwasamehe, na tangu kesi ya Daejan ya 2013 utaulizwa umeumiaje hasa. Jibu la "sikushirikishwa" halitoshi. Tafuta mpimaji aseme paa lile lingegharimu kiasi gani kwa mkandarasi mwingine.

Shomari_E7: Wamesema wataiandikia benki yenye mkopo wa nyumba.

BintiSaadani: Hapo ndipo watu wanapolizwa: benki inaogopa lizi isivunjwe na dhamana yake ipotee, inalipa, inakubandikia kwenye mkopo. Wahi wewe. Iandikie benki leo kwamba deni linabishaniwa chini ya 20B na isilipe, na kwamba lizi haivunjwi kwa ada ya huduma kabla baraza au mahakama haijaamua kwamba inadaika. Halmashauri nayo iandikie ndani ya siku 30, lipa sehemu usiyobishania, kisha fungua maombi ya kifungu cha 27A barazani, liamue kama deni linadaika. Ombeni pia amri ya 20C, ili gharama zao za kesi zisirudi kwenu kupitia ada ya mwakani. Majirani wenye ankara ileile waingie kwenye maombi hayohayo.