Tambiko la mvua chini ya mugumo: hatua zake zikoje, na je, watu waliabudu mti?

MwalimuWaEastlands

Habari zenu wakuu. Natayarisha kipindi cha dakika 40 kuhusu dini za asili, kidato cha pili, hapa Nairobi. Wanafunzi wataigiza tambiko la mvua la Wagikuyu. Maelezo niliyo nayo yanasema tu kwamba wazee walichinja kondoo chini ya mti mtakatifu uitwao mugumo, basi. Nataka hatua zenyewe: nani huwapo, vifaa gani, nini hutangulia. Na kuna swali ambalo vijana hawaachi kuuliza: waliuabudu mti?

Kibuyu_cha_Asali

Shikamoo mwalimu. Nianze na hilo la mwisho, maana likikosewa igizo lote linapotoka. Mti hauabudiwi. Kigikuyu chenyewe kina maneno mawili tofauti: *gũthaithaya Ngai*, yaani kumsihi Mungu, na *gũitangĩra ngoma njohi*, kuwamwagia pombe wazee waliotangulia. La pili ni la nyumbani na ni la heshima, kama vile mzee wa boma anavyotengewa chakula kabla ya watoto. Tambiko la mvua ni la kwanza, nalo huelekezwa kwa Ngai peke yake. Mugumo ni mahali pa kukutania tu.

Halafu mtu haendi mugumoni peke yake kuomba kazi au mchumba. Ngai hasumbuliwi kwa shida ya mtu mmoja. Familia humwita katika mambo manne: kuzaliwa, jando, ndoa na kifo. Ukame unahusu nchi nzima, ndiyo maana nchi nzima inawakilishwa pale.

Sasa wahusika. Wanaoongoza ni wazee wa baraza la *maturanguru*, wanaojulikana kwa majani ya mti wenye jina hilo wanayoyashika mkononi. Kufika ngazi hiyo, watoto wa mzee wawe karibu wote wametahiriwa, na mkewe awe amepita umri wa kuzaa. Wanawake wanaoruhusiwa kuwapo pia ni waliokoma kuzaa. Mbele wanatangulia watoto wawili ambao hawajabalehe, mvulana na msichana, mmoja na kibuyu cha maziwa, mwingine na kibuyu cha pombe ya asali. Wote hawa wanahesabiwa kuwa safi, hawana mambo ya kitandani. Hapo ndipo maigizo mengi ya shule huharibika: wasichana wa miaka 17 wanapangwa mstari wa mbele kwa sababu wanaimba vizuri. Hao hawakuwapo.

Mwanakondoo awe wa rangi moja, mweusi au wa kahawia, bila doa hata moja. Mwenye mnyama naye anachunguzwa: asiwe mwizi, asiwe na damu ya mtu mikononi.

Msafara unauzunguka mti mara saba. Kisha mzee anainua mikono miwili kuelekea Kirinyaga, yaani Mlima Kenya, na baada yake milima mingine ambako Ngai hutua: Nyandarua, Kilimambogo na Ngong. (Mwalimu, siku isiyo na mawingu Ngong mnaiona hapo hapo Nairobi, waonyesheni.) Maziwa na pombe vinamwagwa penye shina. Mnyama hachinjwi kwa kisu shingoni kama tulivyozoea sikukuu. Huzibwa pumzi, ndipo apasuliwe. Damu na mafuta huwekwa kwenye shina, nyama huliwa pale pale.

Kila mzee anapomaliza ombi, wote hujibu *Thaai*, maana yake amani. Vijana watateleza waseme Amina, kwa hiyo fanyeni mazoezi ya hicho kiitikio kuliko kitu kingine chochote.

MwanaRabai

Hapo juu pamekamilika. Naongeza la Pwani, kwa sababu mwanafunzi akitoka na Wagikuyu tu atadhani Waafrika wote walikutana chini ya mti mmoja. Kwa Wamijikenda mahali ni kaya, msitu mzima wenye mji wa zamani ndani yake. Katikati kuna uwanja wa wazee, na fingo, kinga ya kaya, imezikwa ardhini. UNESCO iliziingiza kaya kadhaa katika urithi wa dunia mwaka 2008. Kaya Kinondo kule Kwale inapokea wageni: kofia inavuliwa, kiunoni unafungwa kaniki, na hata jani lililoanguka huondoki nalo.

Na mkigusia vigango vya Wagiriama, elezeni kwamba si sanamu za kuabudiwa. Ni nguzo za kumbukumbu ya wanachama waliofariki wa Gohu, chama cha wazee wa Kigiriama. Kikishasimamishwa, kigango hakihamishwi, hata boma likihama. Kuking'oa kunaaminika kuleta ugonjwa na ukame kwa ukoo. Kwa hiyo viwili vilivyoibwa mwaka 1985 viliporudishwa kutoka Marekani mwaka 2007, kwa wenyewe hilo lilikuwa jambo la marehemu wao, wala si la makumbusho.

MwalimuWaEastlands

Asanteni sana, Mungu awabariki. Maswali mawili ya haraka. Je, tunaweza kutumia tawi la mugumo kwenye jukwaa? Na kwa Kiswahili niuite mkuyu?

Kibuyu_cha_Asali

Tawi hapana. Kuukata mugumo kwenyewe ni mwiko, mtakuwa mnavunja kile mnachokifundisha. Shina la karatasi ngumu linatosha. Mkitaka wauone mzima, upo ule mkubwa wa Waiyaki Way, Westlands, ulionusurika kukatwa Novemba 2020 wakati barabara ya juu ilipokuwa inajengwa. Tazameni mizizi inavyoshuka kutoka matawini: mugumo mara nyingi huota juu ya mti mwingine na kuumeza polepole.

MwanaRabai

Usiuite mkuyu. Mkuyu ni *Ficus sycomorus*, ambao Kigikuyu huuita mũkũyũ, na jina la Wagikuyu lenyewe linahusishwa nao. Mugumo ni ndugu yake, *Ficus natalensis* au *Ficus thonningii*. Andika mugumo tu, kila msomaji wa Kenya ataelewa.