Romand alimdanganyaje mkewe miaka yote ile?

Kibwetere_Jr: Wakuu, nimesoma kesi ya Jean-Claude Romand wa Ufaransa, usingizi umekata. Miaka 18 jamaa anajifanya daktari, mwishoni eti mtafiti wa Shirika la Afya Duniani, Geneva. Kazi hana! Asubuhi anaaga, anashinda ndani ya gari au anazurura misitu ya Jura, jioni anarudi na begi. Januari 1993 akaua mke, watoto wawili na wazazi wake. Hivi mke hakushtuka?

MamaMasjala: Mwanangu, nimestaafia utumishi. Uhakiki wa vyeti wa 2017 hapa Tanzania ulipotaja watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi, baadhi walipita mezani kwangu. Nilitegemea matapeli wenye maneno mengi. Nikakutana na watu wapole, wachapakazi, wa kwanza kufika ofisini. Mmoja alisema kila bahasha kutoka wilayani ilimkosesha hamu ya kula.

Romand namwona hapo. Chuoni Lyon hakwenda kufanya mtihani wa mwaka wa pili, akawaambia wazazi amefaulu. Aibu tu. Kisha akajiandikisha mwaka huohuo wa pili mara 12, na chuo kikampokea! Tapeli wa kawaida anajua lini atoroke. Huyu hakuwa na pa kutorokea, maana uongo wenyewe ndiyo nyumba, ndoa na watoto. Mke naye angeanzia wapi? Nani anamdai mumewe daktari kitambulisho cha kazi?

Shoka: Bi mkubwa unamtetea. Wazazi na wakwe walimpa akiba zao aziweke benki za Uswisi, akazila. Jamaa wa ukweni mwenye saratani akauziwa dawa hewa. Aibu gani hiyo?

MamaMasjala: Simtetei hata kidogo, Shoka. Nimeeleza alivyoanza. Hizo pesa ndizo zilikuwa mshahara wake, na zilipokwisha wenyewe wakaanza kuzidai. Akaona heri wafe kuliko wamjue. Huo ni ubinafsi wa kutisha. 1996 akafungwa maisha, 2019 akaachiwa kwa masharti.

Kibwetere_Jr: Kwa hiyo simu moja tu Geneva ingetosha?

MamaMasjala: Ingetosha. Sisi wenyewe tulichofanya ni kupeleka namba za mtihani Baraza la Mitihani. Kazi ya karani, na ilikuwa haijafanywa miaka na miaka.