MJADALA: Mkulima wa Uluguru akiacha kuchoma shamba, nani atamlisha mpaka karafuu izae?

Mleta mada (Tawa, Morogoro Vijijini)

Wakuu, salaam. Wiki iliyopita kwenye mkutano wa kijiji tumesomewa tena agizo lile lile: marufuku kufyeka na kuchoma mlimani, atakayekutwa na moto atalipa faini. Sababu ni kwamba Mto Ruvu unaanzia kwetu, kwenye Milima ya Uluguru, na Dar es Salaam inakunywa Ruvu. Watu walisikiliza wakatawanyika. Kabla ya mvua watachoma, nawajua, ni ndugu zangu. Naomba tulijadili bila matusi.

Bibi yangu alikuwa na vipande vinne mteremkoni. Akilima kimoja, vitatu vimelala. Kabla ya kufyeka alikuwa anaingia porini na jembe, anachimba pahala pawili patatu, anauminya udongo kiganjani. Ukiwa mweusi wenye vimizizi, anasema shamba limeiva. Ukimwagika mkavu kama unga, anageuka kurudi nyumbani, na kipande kile kinangoja. Akishafyeka anaacha majani yakauke, anasafisha ukanda wa hatua kama sita kuzunguka shamba, kisha anawasha moto jioni upepo ukitulia, kuanzia juu ili ushuke polepole. Mwaka wa kwanza mpunga wa mlimani, wa pili mahindi na mhogo, halafu mhogo unang'olewa kidogo kidogo huku pori linarudi. Miaka saba hapagusi.

Anayeuita huo ujinga hajawahi kulima mteremko wa mashariki ya Uluguru. Mvua ni nyingi mno, rutuba inaoshwa, udongo unabaki na uchachu. Majivu yanapunguza ule uchachu na kuurudishia udongo wa juu kile ambacho mizizi ilikivuta kutoka chini. Moto unaua na mbegu za magugu, jambo kubwa kwa mama mwenye watoto wanne na jembe moja.

Kilichoharibika ni mapumziko. Mama yangu alilaza miaka mitatu, minne. Dada yangu ana kipande kimoja na nusu. Analaza msimu mmoja, mwingine halazi kabisa. Watu tumeongezeka, na huko juu kuna bikoni (alama za mpaka) za msitu ambao tangu 2008 ni Hifadhi ya Mazingira Asilia. Siupingi msitu ule, ndio unaotuletea mawingu. Lakini shamba lisilolala halina pori la kuchoma. Linachomwa nyasi, majivu kiganja kimoja, mvua ya kwanza inashuka na udongo mpaka mtoni. Kwa hiyo nakubali waziwazi kwamba uchomaji wa siku hizi unatumaliza sisi kwanza.

Ninachopinga ni kumwambia mtu "acha" halafu ukaondoka. Tunaambiwa tupande karafuu, mdalasini, pilipili manga. Karafuu haikuingizii senti mfukoni kabla ya miaka sita hivi. Kuna na jambo ambalo wataalamu wengi wanalipita: kwetu ardhi ni ya ukoo na inafuata upande wa mama. Aliyeazimwa kipande haruhusiwi kupanda mti wa kudumu, kwa sababu mwenye mti kesho atadai ardhi. Mpunga ruksa, karafuu hapana. Sasa huyo mnamtaka apande nini?

Msimamo wangu: asiye na haki ya kupanda mti apewe kwanza haki hiyo kwa maandishi, na miaka ya kungoja igharamiwe na wanaotumia maji. Karibuni.

Mchangiaji (Kimara, Dar es Salaam)

Dada, nimekusoma mpaka mwisho na maumivu ya kijijini nayaelewa, kwetu ni Lushoto. Ila na sisi tuna yetu. Mwishoni mwa 2022 Ruvu ilipopungua na mgawo wa maji ukatangazwa, nilikuwa na mtoto wa miezi miwili. Nilinunua maji kwa madumu kutoka kwenye mkokoteni, kila siku. Bili ninalipa, sasa mnataka niongeze ya mkulima?

Halafu lipo bwawa la Kidunda linalojengwa kwenye mto huo huo, mita za ujazo milioni 190. Tope la mlimani likiingia mle, tumejenga bakuli la matope. Mimi naona sheria isimamiwe. Mita 60 kutoka kingo za mto zisiguswe kwa shughuli za kudumu wala za kuharibu mazingira, ndivyo inavyosema Sheria ya Usimamizi wa Mazingira tangu 2004. Nani anaziheshimu?

Mchangiaji (Mgeta)

Mleta mada, hongera kwa kuleta hili. Ninyi wa mashariki mnasema haiwezekani, lakini njooni upande wetu wa magharibi muone. Tunalima kwenye matuta ya ngazi, mteremko unaokufanya ushike nyasi ukipanda. Kabichi, njegere, maharage, viazi. Hatuchomi. Tuna mbuzi wa maziwa, uzao wa wale walioletwa kutoka Norway miaka ya 1980, wanafugwa bandani na samadi yao inaingia kwenye ngazi. Kipande kilekile alicholima baba ndicho ninacholima mimi.

Mleta mada

Kaka wa Mgeta, ngazi zenu naziheshimu kwa moyo wote. Lakini jiulize kwa nini zilikubalika kwenu na kwetu zikakataliwa. Wakoloni walileta Mpango wa Matumizi ya Ardhi ya Uluguru wakalazimisha ngazi kila mahali. Kwenu kulikuwa na mboga, mboga ina soko, jasho la ngazi linarudi. Kwetu udongo mzuri ni wa juu tu, mwembamba. Wakichimba ngazi wanaufukia ule mzuri na kuibua mwekundu usiozaa, na mpunga haulipi kazi hiyo. Mwaka 1955 watu wa Matombo walikataa, polisi wakafyatua risasi, mtu akafa, na mpango ukafa naye. Wazee wa kwetu wanalikumbuka. Ndiyo maana nikisikia "sheria isimamiwe" bila neno la pili naogopa. Mjomba wangu aliwahi kufyekewa mpunga unaokaribia kukomaa na watu wa doria, kwa hoja kwamba amevuka bikoni. Pengine alivuka, sibishi. Mpunga ule ulikuwa chakula cha watu tisa. Msimu uliofuata alikwenda juu zaidi, usiku.

Dada wa Kimara, pole kwa mtoto na madumu. Siombi uongezewe mzigo mkubwa. Bodi ya Maji ya Bonde la Wami/Ruvu tayari inatoza ada kwa watumiaji maji. Swali ni sehemu gani ya ada hiyo inapanda kurudi mlimani. Kuhusu mita 60 nakuunga mkono kabisa, hapo sina utetezi.

Mchangiaji (bwana shamba mstaafu)

Wanangu, jambo hili limewahi kujaribiwa. Kuanzia 2006 mashirika ya CARE na WWF yaliendesha mradi Kibungo Juu, kwenye bonde la Mto Mfizigo unaoingia Ruvu. Shirika la maji la Dar la wakati ule (DAWASCO) na kampuni ya Coca-Cola walikubali kuchangia, na mkulima akalipwa kwa kuchimba ngazi, kupanda miti na kuweka mistari ya majani. Wakulima walifanya kazi. Udhaifu ninaouona ni kwamba malipo yalitegemea mradi, na mradi una mwisho. Mteremko hauna mwisho. Kitu cha namna hii kikikaa kwenye bajeti ya kawaida ya maji kitadumu, kikikaa kwa wafadhili kitaondoka nao.

Mchangiaji (Kinole)

Shikamoo mzee. Mimi nina miaka 31, shamba ni la ukoo wa mama, kwa hiyo kupanda nimeruhusiwa. Niseme nilivyovuka ile miaka ya kungoja, labda itamsaidia mtu.

Sikuacha kuchoma siku moja. Niligawa shamba mafungu matatu. Fungu la kwanza niliweka migomba na magimbi, migomba ikatoa kivuli, chini nikapanda mdalasini. Fungu la pili niliendelea na mpunga kama mama, kwa moto. Fungu la tatu niliweka pilipili manga, na mwaka wa tatu ikaanza kupanda juu ya miti niliyoiacha wakati wa kufyeka, maana inahitaji mti wa kuegemea. Ndipo fungu la mpunga likapungua. Leo nachoma robo tu ya eneo la zamani.

Kinachoturudisha nyuma ni bei. Dalali anakuja na mizani yake, pilipili ikiwa bado mbichi mtini anatoa fedha ya ada ya shule, na ikikomaa ni yake kwa bei ya siku ile aliyokukuta na shida. Jirani yangu aling'oa mdalasini wote mwaka juzi akarudi kwenye mpunga. Nilimsikitikia, lakini sikumlaumu. Mpunga haudaiwi na dalali, unaingia ndani ya nyumba unaliwa.

Mchangiaji (Kimara, Dar es Salaam)

Hilo la kuuza mazao mtini sikulijua. Narudi nyuma kidogo kwenye niliyoyasema juu. Ikiwa sehemu ya bili yangu itamvusha mtu miaka mitatu au minne na ikaandikwa wazi kwenye risiti, nitalipa. Isipoandikwa, hapana.

Mleta mada

Asante dada. Kaka wa Kinole, mafungu matatu yako nayapeleka kwenye mkutano ujao wa kijiji, nitawasomea kama ulivyoandika. Nimeshazungumza na mjomba wangu mkubwa, ambaye ndiye msemaji wa ukoo. Anasema anaweza kukubali aliyeazimwa apande karafuu endapo itaandikwa mbele ya serikali ya kijiji kwamba miti ni ya mpandaji kwa muda fulani, na ardhi inabaki ya ukoo. Muda gani bado tunavutana: yeye anasema miaka kumi, mimi naona kumi ni michache kwa mti unaoanza kuzaa mwaka wa sita.

Kama kuna mtu hapa ambaye ukoo wake umeshaandikiana hivyo, Uluguru au popote, naomba anieleze waliandika miaka mingapi na nani alitia sahihi.