Huyu mzee wa Kichina anayetokea kila muvi ni nani hasa?

mtoto_wa_ngamiani:
Wakuu habari za jioni. Juzi nilikuwa naangalia Kung Fu Panda na binti yangu, sasa yule baba bata bukini anayeuza supu ya tambi, sauti yake nikawa naisikia naijua kabisa ila siikumbuki nimeijulia wapi. Kutafuta picha yake, aisee, ni yule mchawi wa kucha ndefu aliyekuwa anatafuta mke mwenye macho ya kijani, ile picha tuliiangalia kibanda umiza tukiwa wadogo tumekaa chini kwenye mkeka!! Nikaendelea kuchimba, kumbe yumo kila mahali, anakaa dakika mbili anapotea. Swali langu, mtu kacheza miaka yote hiyo mbona ni nadra sana kuwa stelingi? Au kipaji ndo hakikutosha?

Fundi Remoti:
Anaitwa James Hong mkuu. Mmarekani huyo, kazaliwa Minneapolis Februari 1929, wazazi ndo walitoka China. Kasomea uinjinia wa ujenzi na kweli alikuwa injinia wa barabara wa kaunti ya Los Angeles, siku za likizo ndo anakimbilia kuigiza, mpaka mwisho akaacha barabara moja kwa moja. Mwaka 1955 tayari yuko kwenye picha moja na Clark Gable, stelingi mkubwa wa Hollywood enzi hizo. Ukijumlisha muvi, tamthilia, katuni na magemu wanasema kazi zake zinapita 600.

Bi Shamba:
Hilo la kipaji hapana kaka yangu, naomba nikupinge. Angalia hii: mwaka 1957 kulikuwa na tamthilia ya mpelelezi wa Kichina, Charlie Chan. Aliyecheza huyo Mchina ni mzungu, J. Carrol Naish. Hong akapewa kuwa mtoto wake. Yani Mchina wa kweli anamwita "baba" mzungu aliyepakwa meikapu afanane na Mchina, sasa hapo ustelingi ungetokea mlango gani? Alichofanya, mwaka 1965 yeye na wenzake akiwemo mwigizaji Mako wakaanzisha kikundi chao cha jukwaani hapo hapo Los Angeles, East West Players, ili watu wa asili ya Asia wacheze nafasi kubwa, wafalme, wapenzi, wazazi, na kipo mpaka leo. Mimi hiyo naiona kubwa kuliko muvi zote.

kijana_wa_magomeni:
Sawa dada ila na yeye alikubali mno zile nafasi za mhudumu, mtumishi, adui. Mtu kazaliwa Marekani halafu kila siku anaongea Kiingereza cha kuvunjavunja ili wazungu wacheke. Mie iliniuma.

Bi Shamba:
Inauma kweli, sikatai. Angekataa angekufa njaa au angerudi kwenye barabara. Ila angalia alivyokuwa anazifanya hizo nafasi. Kuna ile sehemu moja ya tamthilia ya vichekesho ya 1991, yeye ni msimamizi wa mgahawa wa Kichina, wateja wanasubiri meza mwanzo mpaka mwisho, basi kazi yake ni kuwaambia dakika tano, kumi, dakika tano, kumi. Basi! Lakini hagombi nao, na kadiri anavyotulia ndo wale wanavyozidi kuchanganyikiwa. Mtoe yeye uone kama kuna kitu kitabaki hapo.

Fundi Remoti:
Nyongeza. Ile nyota ya jina lake kwenye barabara ya Hollywood kapewa Mei 2022 ana miaka 93, mpaka siku hiyo hakuna aliyewahi kupewa akiwa na umri huo. Na aliyepambana ni mwigizaji mwenzie Daniel Dae Kim, kaanzisha mchango mtandaoni wa kuilipia hiyo nyota, ndani ya siku chache zikapita dola 50,000, watu wa kawaida tu waliokuwa wanaijua sura bila jina kama wewe mkuu. Mwaka uliofuata muvi yao Everything Everywhere All at Once imeshinda tuzo ya waigizaji wenzao, yeye kacheza babu kwenye kiti cha magurudumu, akapanda jukwaani na wenzake akakumbushia enzi ambazo waigizaji wazungu walikuwa wanabandikwa utepe machoni ili waonekane Wachina. Ana miaka 94 anayasema hayo kasimama mwenyewe, ukumbi mzima umesimama. Nililia.

mtoto_wa_ngamiani:
Dah. Lile neno kipaji nalifuta wakuu, mnisamehe. Kumbe wakati baba yangu hajazaliwa huyu mzee yuko kazini, na panda ya nne imetoka 2024 bado sauti ni yake. Bi Shamba ile ya mgahawa inaitwaje niitafute leo leo?

Bi Shamba:
Seinfeld, msimu wa pili, sehemu ya 11. Msikilize anavyoita "Cartwright!"