Vichwa vya habari vyenye maneno ya mitaani Indonesia: Dewan Pers ivipige marufuku?

Kalamu Nzito: Tovuti za habari za Indonesia zimejaa vichwa vyenye maneno ya mitaani: "pelakor", "bucin" (mtumwa wa mapenzi), "anjay". Baraza lao la habari, Dewan Pers, livikataze. Kichwa kinaanza na "Ternyata" (kumbe) au "Sosok" (mtu fulani), jina la mhusika linafichwa, habari ya aya tisa inakatwa kurasa tatu, na kila ukurasa unapakia matangazo upya. Msomaji anabofya mara tatu kutafuta kilichopaswa kuwa aya ya kwanza.

Tumbiri: Mkuu, kukata kurasa ni kazi ya watu wa matangazo. Weka Kiindonesia cha vitabuni, kurasa zitabaki tatu zilezile. Na pelakor ni ufupisho tu wa perebut laki orang, mpora mume wa mtu. Neno la kawaida.

Bi Zuhura: La kawaida kwa nani? Mwanamke kapewa jina, mume aliyechepuka hana. Kanuni za maadili za wanahabari wao za 2006, kifungu cha 3, zinakataza kuchanganya habari na maoni ya kuhukumu. Neno hilo ni hukumu tayari.

Tumbiri: Lipo la wanaume, dada: pebinor, perebut bini orang. Usome kwanza.

Bi Zuhura: Nimesoma, kaka. Hilo nalo linamfanya mke mali iliyoporwa. Unanijibu kwa tusi la pili!

Mwanagenzi: Marufuku haifai. Agosti 2020 serikali ilitaka watu waache "anjay" kwa kuwa limetokana na anjing, mbwa. Neno likazidi kuvuma, na tovuti zikaliweka kichwani.

Kalamu Nzito: Si serikali! Ni Komnas PA, shirika la kiraia la kutetea watoto. Chombo cha serikali cha kazi hiyo ni KPAI. Watu wanavichanganya kila siku.

Mwanagenzi: Sawa, Komnas PA. Hoja yangu umeiacha palepale.

Tumbiri: Na Dewan Pers haina mamlaka hayo. Sheria namba 40 ya 1999 inazuia kufungia vyombo vya habari. Baraza hupokea malalamiko, na aliyeandikwa ana hak jawab, haki ya kujibu. Mwongozo wa 2012 wa habari za mtandaoni unadai jibu liunganishwe kwa kiungo na habari ya awali. Huyo mwanamke aliyeitwa pelakor atumie haki hiyo.

Bi Zuhura: Kiungo kinakaa kwenye tovuti. Picha ya kichwa chenye "pelakor" inazunguka WhatsApp bila kiungo chochote. Jibu lake litamfikiaje aliyeona picha tu?