Gumzo la Ukoo wa Barabara ya 12

*Jumanne*

Shangazi Rukia: Assalaam alaykum. Kliniki yangu hapa Leicester wameniletea ujumbe, wanataka nikachanjwe mkanda wa jeshi. Mkanda wa jeshi!! Mtu mzima mimi, miaka 72, mjane, leo naambiwa habari hizo

Hamza: Waalaykum salaam, shikamoo Shangazi. Ujumbe wenyewe unasemaje?

Shangazi Rukia: Marahaba
*[Picha]*

Shangazi Rukia: Soma mwenyewe. Nani kawapeleka habari zangu?

Salma: Mama hakuna aliyepeleka habari. Huku wote wa miaka 70 mpaka 79 wanaitwa, bure. Nimekueleza kwenye simu saa nzima ukaamua kuja kunishtaki kwenye kundi

Mama Hamza: Hata mimi wifi ningeshtuka. Huku akisemwa fulani katokwa na mkanda wa jeshi, watu wanaanza kumpima kilo kwa macho

Shangazi Rukia: Umeona eeh

Mwanahamisi: Shikamooni wakubwa, ndiyo natoka zamu. Shangazi, kirusi cha mkanda ni kile kile cha tetekuwanga. Ukipona tetekuwanga hakiondoki, kinajificha kwenye mizizi ya neva karibu na uti wa mgongo. Kinaweza kukaa humo miaka hamsini. Siku kinga ikilegea kinateremka na neva moja mpaka kwenye ngozi

Mwanahamisi: Kinga inalegezwa na VVU, ndiyo. Miaka ya 80 na 90 vijana wengi walitokwa nao kwa sababu hiyo, jina likachafuka. Mpaka leo kijana akija nao tunamshauri apime. Lakini saratani nayo inalegeza kinga, dawa za waliopandikizwa figo pia, na umri peke yake unatosha

Shangazi Rukia: Tetekuwanga mimi niliugua nikiwa darasa la tatu, Mama akanifungia chumba cha uani. Si nilishapona? Wananichanja nini sasa

Mwanahamisi: Basi ndiyo wewe hasa wanayekutafuta 😅

Mama Hamza: *[Umesambazwa mara nyingi]* TAHADHARI!!! Mkanda wa jeshi ukizunguka kiuno na ncha mbili ZIKAKUTANA mgonjwa HAPONI. Paka majivu ya moto usiku kabla haujafunga. Tuma kwa watu 10 uokoe maisha

Mwanahamisi: Mama mdogo jamani 🙈 Kila neva ina upande wake, kulia au kushoto, ndiyo maana vipele karibu siku zote vinaishia katikati ya mwili. Watu wanakaa wanangoja ncha zikutane, huku siku za dawa zinapita. Na majivu kwenye malengelenge ni kujitafutia usaha

Mama Hamza: Nami nimeletewa tu mwanangu

Shangazi Rukia: Haya, na nguruwe? Bi Asha wa ghorofa ya chini alisema miaka ile kwamba ina nguruwe. Yule hasemi uongo

Salma: Hajasema uongo. Ile ya zamani, Zostavax, ilikuwa na jelatini ya nguruwe. Ilikuwa pia kirusi hai kilichodhoofishwa. Mwaka 2023 Uingereza wakahamia Shingrix, haina jelatini hiyo wala kirusi hai. Ni protini moja ya kirusi, na kichocheo cha kuamsha kinga ambacho sehemu yake inatoka kwenye magome ya mti wa Chile

Hamza: Kumbe mitishamba

Salma: Hamza

Shangazi Rukia: Bi Asha nikimwambia na yeye apewe?

Salma: Ana miaka mingapi?

Shangazi Rukia: 69

Salma: Basi angoje atimize 70. Ule mpango ulianza Septemba 2023 kwa wanaotimiza 65 kuanzia hapo na kwa wa 70 mpaka 79. Waliokuwa wameshavuka 65 wakaachwa katikati

Mama Hamza: Wazungu nao wana mambo. Wa 65 apate, wa 69 akose?

Salma: Kama ana ugonjwa unaoshusha sana kinga angepewa hata sasa. Ila Bi Asha anapanda ngazi kuliko mimi

Shangazi Rukia: Nitafikiri. Sijasema naenda

*Jumanne, usiku*

Baba Mkubwa Saidi: Rukia nenda ukachanjwe.

Shangazi Rukia: Kaka shikamoo. Hujalala?

Baba Mkubwa Saidi: Marahaba. Mwaka juzi Ramadhani niliposema nina vipele vya joto. Haikuwa joto. Ulikuwa huo.

Mwanahamisi: Baba????

Baba Mkubwa Saidi: Usianze. Ubavu wa kushoto mpaka mgongoni. Siku mbili kabla ngozi ilikuwa inachoma na hakuna kitu ukiangalia. Halafu vikatoka. Nililala nimekaa kwenye kiti. Shati likigusa kama natiwa pasi.

Mama Hamza: Pole sana shemeji. Na sisi tulikuwa tunakuletea futari kila siku hatujui

Mwanahamisi: Baba mimi ni muuguzi. Mimi ni mwanao

Baba Mkubwa Saidi: Ndiyo maana. Ungesema nikapime, na pale maabara kila mtu ananijua. Nusu yao niliwafundisha hesabu. Vipele vilipokauka nilikwenda kupima Korogwe. Sina kitu.

Hamza: Alhamdulillah Baba Mkubwa. Kwa hiyo majibu yalikuwa safi na bado hukusema?

Baba Mkubwa Saidi: Ukishasema umepima watu hawasikii majibu, wanasikia umepima.

Mwanahamisi: Dawa ulipata?

Baba Mkubwa Saidi: Siku ya sita, duka la dawa. Akanipa ya maumivu na losheni.

Mwanahamisi: Siku ya sita 😔 Dawa ya kirusi, asaiklova, inafanya kazi vizuri ikianzwa ndani ya saa 72 tangu vipele kutoka. Ipo hata Tanga, wala si ya ajabu. Wote humu sikilizeni: vipele vya upande mmoja vyenye kuchoma, kituo cha afya siku hiyo hiyo. Vikiwa kipajini au karibu na jicho usingoje hata asubuhi, unaweza kupoteza jicho

Mwanahamisi: Na sasa Baba bado kunauma?

Baba Mkubwa Saidi: Vipele viliisha wiki tatu. Moto haujatoka. Feni ikinielekea upande ule nahama.

Shangazi Rukia: Kaka. Miaka miwili??

Mwanahamisi: Neva imeumia. Kwa wazee maumivu hayo yanaweza kubaki miezi, hata miaka, na panadol haiyagusi. Kuna dawa za maumivu ya neva. Jumamosi nakuja Tanga, tunakwenda kwa daktari pamoja

Baba Mkubwa Saidi: Si pale.

Mwanahamisi: Haya, si pale

Hamza: Salma si umtilie Baba Mkubwa dozi moja kwenye begi? Unakuja Desemba

Salma: Inakaa kwenye friji nyuzi 2 mpaka 8 na inaandikwa na daktari. Siyo jezi ya Arsenal. Na haitibu maumivu aliyonayo

Mwanahamisi: Hapa kwetu haimo kwenye chanjo za taifa. Na aliyewahi kuugua anaweza kuugua tena, kwa hiyo Baba ukiona dalili unanipigia. Hata saa nane za usiku

Baba Mkubwa Saidi: Sawa.

Shangazi Rukia: Salma nipangie siku

*Ijumaa*

Shangazi Rukia: Nimechomwa. Binti aliyenichoma ana mkono mwepesi mashallah

*Jumamosi*

Shangazi Rukia: Mashallah yangu nairudisha. Mkono hauinuki, nina homa, mifupa yote inanidai

Mwanahamisi: Ndivyo ilivyo, ni kali kidogo. Siku mbili tatu inaisha. Kunywa maji, meza panadol

Mama Hamza: Kumbe inaleta ugonjwa! Mimi nilisema

Mwanahamisi: Hiyo ni kinga inaamka. Kwenye majaribio, hata kwa waliovuka 70 ilizuia kama visa tisa katika kumi. Hakuna chanjo nyingi zinazofika hapo kwa mzee

Hamza: Kuna mtu kaandika inatibu usahaulifu. Shangazi ukikumbuka lile deni langu uniambie

Salma: Kutibu hapana. Utafiti wa Wales uliotoka 2025 uliwalinganisha waliozaliwa kabla ya 2 Septemba 1933, ambao hawakuruhusiwa kuchanjwa, na waliozaliwa kuanzia siku hiyo. Waliochanjwa walipata ugonjwa wa usahaulifu pungufu kwa karibu moja ya tano ndani ya miaka saba. Na ilikuwa ile chanjo ya zamani. Bado wanachunguza

Shangazi Rukia: Hamza deni nalikumbuka vizuri, ni pauni 60

Hamza: 🏃🏾

Baba Mkubwa Saidi: Mwanahamisi kafika. Tunatoka sasa.

Mwanahamisi: Tunakwenda Muheza 😂 Shangazi dozi ya pili ni lini?

Salma: Baada ya miezi sita, isizidi kumi na miwili. Nimeshaiweka kwenye simu yangu na yake

Mwanahamisi: Usiiruke Shangazi, hata ukikumbuka homa ya leo

Shangazi Rukia: Siiruki. Ila watanichoma wa kushoto, huu wa kulia ndio wa kusongea ugali