Ushauri: Mama ana saratani ya titi, wakala anasema chembe za sumaku zitamponya bila upasuaji

MwanaPangani

Ndugu wanajukwaa, nawasalimu nyote, na walionizidi umri nawapa shikamoo. Mama yangu mzazi, mwenye miaka 58, amegundulika mwezi uliopita kuwa na saratani ya titi la kushoto. Uvimbe una sentimita mbili na nusu, vipimo vya kifua na ini havikuonyesha kwamba ugonjwa umesambaa, na daktari ametueleza kwamba ni hatua ya pili. Amepangiwa upasuaji baada ya wiki tatu, na baada ya hapo madaktari wataamua kuhusu dawa za kemikali na mionzi.

Tukiwa katika maandalizi hayo, kaka yangu aliyeko Muscat alituunganisha na wakala wa matibabu ya nje. Wakala huyo anasema kuna kliniki inayoingiza chembe za nano (yaani ndogo mno) za chuma kwenye mshipa wa damu, kisha mgonjwa huwekewa sumaku kifuani, chembe zikavutwa hadi kwenye saratani na kuiunguza, na titi likabaki salama. Anasema pia kwamba kipimo cha damu kinachotumia sumaku kitathibitisha kuwa saratani imekwisha. Gharama ni dola 18,000, na sharti lao ni kwamba mama asifanyiwe upasuaji kwanza.

Kaka anataka tuuze shamba la minazi. Mama mwenyewe anaogopa kisu, kwa kuwa shangazi yangu alikatwa titi na mkono wake ukavimba mpaka alipofariki. Nimesoma na kuona kwamba chembe hizi ni jambo la kweli la kisayansi, na ndiyo maana nashindwa kumjibu kaka yangu kwa hakika. Naomba anayelifahamu jambo hili anisaidie.

FizikiaTiba

Pole sana, ndugu, na umfikishie mama salamu zetu. Kazi yangu ni kupanga dozi za mionzi kwa wagonjwa wa saratani, na somo la chembe za sumaku nimelifuatilia tangu nilipokuwa chuoni. Kwanza nikuombe: msiahirishe upasuaji kwa ajili ya ahadi hii. Sasa nikueleze kwa nini, maana kaka yako anastahili kupewa sababu na wala si kukatazwa tu.

Chembe zinazotumika hospitalini ni oksidi ya chuma iliyofunikwa kwa utando mwembamba, mara nyingi wa sukari iitwayo dekstrani, ili zisigandamane na ili mwili uzivumilie. Kiini chake kina upana wa nanomita chache tu au makumi machache, ilhali unywele mmoja wa binadamu una upana wa makumi ya maelfu ya nanomita. Kwa udogo huo zina tabia ya pekee: zikiwa karibu na sumaku zinakuwa sumaku, na sumaku ikiondolewa zinasahau usumaku wake, kwa hiyo hazishikani na kuziba mishipa.

Kuunguza uvimbe kwa chembe hizi si uzushi. Mwaka 1957 watafiti wa Marekani walifanya majaribio ya kupasha joto tezi za limfu za mbwa kwa njia hii. Mgonjwa hazungukwi na sumaku ya kawaida kama ile ya spika. Huwekwa ndani ya mashine yenye uga wa sumaku unaogeuka upande huu na huu takribani mara 100,000 kwa sekunde. Kila chembe inajaribu kuufuata ugeuzi huo, kama sindano ya dira iliyochanganyikiwa, na katika kuhangaika huko inatoa joto. Seli za saratani zikifikishwa kwenye nyuzi 42 hadi 46 za Selsiasi zinaanza kufa, au zinadhoofika kiasi kwamba mionzi inazimaliza kwa urahisi zaidi. Kwa hiyo sumaku tulivu iliyowekwa juu ya kifua, kama wakala alivyokueleza, haiunguzi kitu chochote.

Hata kuvuta nako kuna mipaka. Nguvu ya sumaku hupungua upesi sana kadiri unavyoondoka kwenye uso wake, na damu ndani ya mishipa inakwenda kwa kasi. Mwaka 1996 madaktari wa Berlin walijaribu kwa wagonjwa 14 kuvuta epirubisini, dawa ya kemikali ya saratani, iliyofungwa kwenye chembe za chuma, na sumaku ikawekwa karibu kabisa na uvimbe. Walifanikiwa kuzielekeza chembe kwenye uvimbe kwa takribani nusu ya wagonjwa. Tena mwaka 2016 watafiti wa Toronto walikusanya tafiti za miaka 10 zilizofanyika kwa wanyama, za chembe za nano za aina nyingi, wakakuta kwamba kiasi cha kati kilichofika kwenye uvimbe kilikuwa asilimia 0.7 tu ya dozi iliyoingizwa kwenye mshipa. Sehemu kubwa hunaswa na ini na bandama, kwani kazi ya viungo hivyo ni kuichuja damu.

Mwanamapinduzi wa Sayansi

Namheshimu mtaalamu hapo juu, lakini nahofia kwamba tunawakatisha watu tamaa. Ujerumani tiba hii iliidhinishwa mwaka 2010. Ikiwa Wazungu wanatibiwa nayo, kwa nini mama wa Pangani aambiwe asiifikirie?

FizikiaTiba

Hoja yako ni ya haki, ndugu, na nitaijibu kwa takwimu. Idhini ya 2010 ilitolewa Ulaya kwa kampuni ya MagForce ya Berlin, na ilihusu uvimbe wa ubongo. Utafiti wake mkuu ulikuwa na wagonjwa 66, na 59 kati yao walikuwa na glioblastoma, saratani kali ya ubongo, iliyorudi baada ya matibabu ya awali. Chembe hazikupitishwa kwenye mshipa wa mkono. Daktari wa upasuaji alizidunga moja kwa moja ndani ya uvimbe kupitia fuvu, kisha mgonjwa akapewa joto la sumaku pamoja na mionzi. Wagonjwa hao wa glioblastoma iliyorudi waliishi, kwa kipimo cha kati (yaani nusu yao walizidi muda huo), miezi 13.4 tangu ugonjwa uliporudi. Kwa ugonjwa ule ni matokeo ya kutia moyo, ila hapakuwa na kundi la kulinganisha, kwa hiyo hatuwezi kupima ni kiasi gani cha muda huo kilitokana na sumaku. Kampuni yenyewe iliingia katika ufilisi mwaka 2022.

Angalia basi tofauti. Wale walikuwa wagonjwa ambao dawa nyingine zilikuwa zimeshindwa. Mama yetu ana uvimbe mdogo ambao haujaonekana kusambaa, na kwa ugonjwa wa namna hiyo upasuaji unaofuatiwa na dawa zinazofaa huponya wanawake wengi. Kuiweka kando tiba yenye ushahidi wa miongo mingi ili kujaribu isiyothibitishwa kwa titi ni kubadilishana kusiko na uwiano.

Kuhusu kipimo cha damu: kipo, na kweli hutumia chembe za chuma zilizobandikwa kingamwili, yaani protini za kinga, zinazoshika seli za saratani zinazozunguka kwenye damu. Mamlaka ya dawa ya Marekani ilikiruhusu mwaka 2004. Huchukuliwa mililita 7.5 za damu, na kwa mgonjwa ambaye saratani ya titi imekwisha kusambaa, kuonekana kwa seli tano au zaidi ni dalili kwamba ugonjwa ni mkali. Hakiwezi kumwambia mgonjwa wa hatua ya pili kwamba saratani imekwisha. Atakayekitumia hivyo anakuuzia cheti kisicho na maana.

Mama Leicester

Mwanangu MwanaPangani, mimi ni mzaliwa wa Tanga, naishi Uingereza miaka mingi, na nilipata saratani ya titi kama mama yako. Chembe hizi za sumaku nimeingiziwa mwilini mwangu, kwa hiyo nakueleza niliyoyapitia.

Sikupewa ili kunitibu. Nilipewa ili daktari aitafute tezi bawabu, yaani tezi ya kwapani ambayo majimaji ya titi huipitia kwanza kabla ya kufika kwa nyingine. Saratani ikitaka kutoka kwenye titi, mlango wake wa kwanza ndio huo. Zamani walikuwa wakizoa tezi zote za kwapani ili kupima, na huko ndiko kulikotoka kuvimba mikono kama kwa shangazi yako, Mungu amrehemu. Siku hizi huitoa tezi moja au chache za mlangoni na kuzichunguza. Zikiwa safi, kwapa linaachwa.

Kwa kawaida tezi hiyo hutafutwa kwa rangi ya buluu na dawa ya mionzi ya teknishiamu, ambayo nguvu yake hupungua kwa nusu kila baada ya saa sita, kwa hiyo lazima hospitali iwe na idara ya kuiandaa. Mimi nilidungwa maji ya chuma, rangi yake kama kahawa nzito, siku kadhaa kabla ya upasuaji. Katika chumba cha upasuaji daktari alinipitishia kifaa mfano wa kalamu nene chenye kutoa mlio, na mlio ulipopanda akajua tezi iko hapo. Waliniambia kwamba walilazimika kutumia vishikizo vya plastiki, kwa sababu vya chuma vingekichanganya kifaa.

Baya lake ni alama ya kahawia iliyobaki kwenye ngozi yangu kwa zaidi ya mwaka, na picha ya MRI ya titi lile ilitoka na giza mahali penye chuma. Mkono wangu haukuvimba. Mama yako anaogopa mkono, mwanangu, na hofu hiyo ina dawa nyumbani: mwulizeni daktari kama atafanya uchunguzi wa tezi bawabu, hata kwa rangi ya buluu peke yake.

MwanaPangani

Shikamoo mama, na ahsante kwa kutufungulia maisha yako. Nilimsomea mama maneno yako mara mbili. Alinyamaza kwa muda, kisha akauliza kama alama ya kahawia inauma.

Jana nilimwandikia wakala nikamwomba jina la dawa, jina la mamlaka iliyoisajili kwa saratani ya titi, na namba ya usajili wa jaribio kama ni utafiti. Alijibu kwamba ni siri ya kliniki na kwamba nafasi zinakwisha Ijumaa. Nilimtumia kaka majibu hayo bila kuongeza neno langu, naye akanipigia usiku akasema shamba lisiuzwe. Mama amekubali upasuaji. Nimebaki na swali moja tu: niulize nini kingine hospitalini?

Mama Leicester

Marahaba, mwanangu. Mwambie mama hapana, haiumi. Ni rangi tu.

FizikiaTiba

Mwulizeni daktari kama kinyama kilichotolewa kwa sindano kimepimwa vipokezi vya homoni (sehemu za seli zinazopokea homoni) na HER2 (protini inayoweza kuichochea saratani ikue). Majibu hayo ndiyo yanayoamua kama mama atahitaji vidonge vya homoni kwa miaka, au dawa ya kulenga HER2, na wakati mwingine huamua kama dawa zitangulie kabla ya kisu. Kama bado hayajatoka, fuatilieni maabara ya patholojia, inayochunguza vinyama hivyo, wiki hii, msisubiri siku ya upasuaji. Ulizeni pia kama titi lote litatolewa au uvimbe tu, kwa sababu kwa sentimita mbili na nusu mara nyingi inawezekana kutoa uvimbe na kuliacha titi, mradi mionzi ifuate. Mkiwa na ripoti ya patholojia mkononi, andika hapa maneno yake kama yalivyo, bila jina la mama, nami nitakusaidia kuyaelewa.